Zawadi za besidei ughaibuni: zifunguliwe lini, mbele ya nani?

Nyumbani wengi wetu tumelelewa kupokea zawadi kwa mikono miwili, kuiweka kando na kuifungua wageni wakishaondoka. Kuichana mbele yao ni uroho. Uholanzi mambo ni kinyume: zawadi hufunguliwa papo hapo, aliyeileta akitazama, na ukiiweka kando atadhani hukuijali. Huko pia usimpongeze mwenye siku peke yake. Wape hongera na wazazi wake, hata bibi aliyeketi pembeni.

Ujerumani, kwenye sherehe za watoto, mara nyingi wageni hukaa duara na mwenye siku huzungusha chupa sakafuni. Inayemwelekea ndiye anayetoa zawadi yake, ikafunguliwa wote wakiona. Usimtakie mtu heri kabla ya siku yenyewe kufika, maana wengi huona ni mkosi.

Uingereza ndiko penye kazi. Sherehe ya watoto wa shule huwa ya saa mbili hivi ukumbini, pengine darasa zima limealikwa, na zawadi huenda kufunguliwa nyumbani. Zikirundikwa mezani kadi hubanduka, na baadaye hakuna ajuaye nani kaleta nini. Kwa hiyo ukipeleka zawadi, bandika kadi kwa selotepu pande zote mbili na uandike jina la mwanao kwenye karatasi yenyewe. Ukiwa mwenyeji, fungueni moja moja, mtu mzima akiandika jina na zawadi kabla karatasi haijatupwa. Shukrani ziwafikie ndani ya wiki mbili, na zitaje kitu chenyewe: “Asante kwa rangi za maji.” Ujumbe mmoja wa jumla kwenye kundi la wazazi hautoshi.

Marekani hakuna kanuni moja, hivyo muulize mzazi mapema. Weka ndani risiti ya zawadi, ile isiyoonyesha bei, ili waweze kubadilisha. Kadi ya mwaliko ikisema zawadi hazihitajiki, tii. Peleka kadi tu, usiwaaibishe waliokuja mikono mitupu.

Popote zinapofunguliwa hadharani, mfanyishe mtoto mazoezi jana yake: amtazame aliyeleta, aseme asante kwa jina, ataje kitu kimoja alichokipenda. “Hii ninayo” asiseme kabisa. Bahasha ya pesa aishukuru bila kuhesabu, kisha akukabidhi wewe.