Jinsi ya kuanza kumwangalia Donatas Banionis bila kukata tamaa njiani

Ukishaanza kupenda muvi za enzi za Usovieti, jina la mwigizaji Donatas Banionis utakutana nalo tu. Shida ni kwamba wengi wanaanza na muvi yake ya Solaris kwa sababu ndo inayotajwa sana, wanasinzia kabla hata ya nusu alafu wanaondoka wakisema huyu jamaa mbona hafanyi kitu. Solaris iache kwanza.

Kwanza jua katokea wapi. Kazaliwa Kaunas, Lithuania, mwaka 1924, na mwaka 1941 akajiunga na kikundi cha maigizo cha Panevėžys, mji wa mkoani tu, chini ya dairekta Juozas Miltinis ambaye alikuwa amesomea sanaa hiyo Paris. Hata alipokuja kuwa staa wa Usovieti nzima aliendelea kuwa mtu wa Panevėžys, na kuanzia 1980 mpaka 1988 alikiongoza kikundi yeye mwenyewe. Kwangu mimi hii ndo inaeleza kila kitu, yaani ni mtu wa jukwaani ambaye mbele ya kamera hapayuki wala hatupi mikono, kazi yote iko machoni na kwenye namna anavyokaa kimya.

Sasa anza na Niekas nenorėjo mirti ya Vytautas Žalakevičius, ya 1965. Ni kijijini Lithuania baada ya vita, mwenyekiti wa kijiji kauawa, watoto wake wa kiume wanataka kulipiza, na Banionis ni Vaitkus, mtu aliyetoka msituni kwa wapiganaji waliokuwa wanaupinga utawala wa Kisovieti, alafu analazimishwa kukalia kiti kilekile cha marehemu. Mwangalie alivyo na hofu pande zote mbili. Ila iangalie ukijua ni muvi ya Kisovieti, wale wapiganaji wa msituni wanaonyeshwa kama majambazi wakati Walithuania wengi leo wanawahesabu mashujaa. Uigizaji huo ulimpa tuzo ya mwigizaji bora kwenye tamasha la filamu la Karlovy Vary mwaka 1966.

Ya pili iwe Mertvy sezon, 1968, ya Savva Kulish, anacheza jasusi anayemsaka daktari wa Kinazi. Na hapa zingatia sana jambo moja: usimpime kwa sauti, maana mara nyingi sauti unayosikia sio yake! Kirusi chake kilikuwa na lafudhi ya Kilithuania, kwa hiyo studio ziliweka mtu mwingine, humu ni Aleksandr Demyanenko na kwenye Solaris ni Vladimir Zamansky. Ushauri wangu, chagua tukio moja uangalie kawaida, alafu rudisha nyuma zima sauti kabisa uangalie tena. Fanya hivo kwenye lile la kubadilishana majasusi mwishoni na utaelewa kwa nini watu wanamheshimu, uso peke yake unatosha.

Baada ya hapo ndo Solaris ya dairekta Andrei Tarkovsky, 1972, ile iliyopata tuzo kubwa ya majaji Cannes. Ni ndefu, karibu masaa matatu, na imegawanywa sehemu mbili kwa hiyo sio dhambi ukiangalia kwa siku mbili. Pale mwanzo mvua inaanza kumnyeshea Kelvin, ndo Banionis huyo, na hakimbii, amekaa tu hapo nje na kikombe mezani kinanyeshewa. Hapo usipeleke mbele, kaa naye, maana huyu ndo mtu ambaye baadae kule angani atamfungia Hari, mfano wa mkewe aliyekufa, kwenye roketi na kuirusha, na ukiwa umeshamzoea alivyo mtulivu utaona jinsi utulivu wenyewe unavyoanza kupasuka taratibu.

Kama umenogewa kuna Goya ya Konrad Wolf, 1971, na ile ya Beethoven ya 1976, zote na studio ya Ujerumani Mashariki, hizo ni kwa mtu anayependa kumuona akibeba muvi nzima. Ukitaka kitu chepesi tafuta Beregis avtomobilya ya Eldar Ryazanov, 1966, humo ni mchungaji anayekuja kununua gari la wizi, ni kipande kifupi tu lakini anachekesha akiwa na uso mkavu kabisa. Kuzipata, andika jina lake kwa herufi za Kirusi, Донатас Банионис, pamoja na mwaka wa muvi, matokeo yanakuwa mengi zaidi kuliko ukitafuta kwa Kiingereza, alafu hakikisha ina tafsiri ya maandishi kabla hujaanza.