Kuandika mswada wako wa kwanza wa vichekesho vya televisheni

Mwongozo huu nimeuandika baada ya kukaa jioni tatu na binti anayetaka kuishi kwa kazi hii, ambaye mswada wake ulikuwa umekataliwa mara mbili bila kuelezwa sababu.

Hatua ya 1: Chagua mahali pamoja panapoleta watu wapya kila wiki. Vioja Mahakamani, kipindi cha vichekesho vya mahakamani cha KBC, televisheni ya taifa ya Kenya, kimedumu kwa miongo kadhaa kwa sababu kila kesi huja na ugomvi wake, ilhali kizimba ni kilekile.

Hatua ya 2: Andika kwa sentensi moja mhusika anataka nini na nani anamzuia. Tumia daftari na kalamu. Kompyuta hukuvuta uanze mazungumzo kabla kisa hakijasimama.

Hatua ya 3: Andika mswada wa dakika 22 hivi, kwa kuwa dakika zinazobaki za nusu saa huliwa na matangazo.

Hatua ya 4: Peleka neno la kuchekesha mwisho wa sentensi. Hapa ndipo mimi nilipopoteza miezi, na ndipo binti yule alipokwama. Kiswahili hupenda kurundika maelezo baada ya neno, hivyo kichekesho hufukiwa na virejeshi, yaani maneno kama “aliyekuwa”. Katika mswada wa binti huyo, mlinzi aliyeshtakiwa kwa kulala kazini alimwambia hakimu: “Nilifumba macho ili nisikie vizuri hatua za mwizi aliyekuwa akizunguka duka la tajiri wangu usiku ule.” Tuliigeuza: “Mheshimiwa, nilizima redio, nikanyamaza, nikasikiliza hatua za mwizi, na ili nisikie vizuri zaidi, nikafumba macho.” Baada ya hapo hakimu asijibu upesi, na mlinzi asiongeze hata neno moja, kwani sentensi inayofuata huua kicheko cha iliyotangulia. Hata hivyo, usipindue kila sentensi, maana mhusika ataanza kuzungumza kama shairi. Ili ujue ipi ya kugeuza, wape watu wawili wasomeane kwa sauti, nawe ukae kimya ukiweka alama palipochekwa. Usisome mwenyewe, kwa sababu sauti yako itasaidia maneno yasiyojitosheleza.

Hatua ya 5: Tuma kwanza wazo la ukurasa mmoja. Mswada kamili uukabidhi baada ya kutiwa sahihi mkataba unaotaja malipo ya kila kipindi, malipo ya marudio, na jina lako litakavyoandikwa kwenye skrini.