Umerukwa kupanda cheo? Anzia hapa kabla hujaenda mahakamani

Watumishi wenzangu wa Mwanza, kuanzia Nyamagana mpaka kule Nansio, mtu akirukwa cheo kitu cha kwanza anasema naenda CMA (Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, inayoshughulikia migogoro ya kazi) kushtaki. Tulia kwanza. Sheria ya Utumishi wa Umma kifungu cha 32A inakutaka umalize ngazi za ndani ya utumishi kwanza, ukienda moja kwa moja utarudishwa tu.

Anza kwa afisa utumishi wako, muulize kwa upole jina lako limekwama wapi, maana mara nyingi tatizo ni ikama (idadi ya nafasi zilizoidhinishwa) na bajeti, au tathmini yako ya PEPMIS (mfumo wa kielektroniki wa kupima utendaji kazi) haijakamilika, au taarifa kwenye mfumo zinasomeka vibaya. Halafu andika barua kwa mwajiri kupitia mkuu wako wa idara, ambatanisha barua ya ajira, ya kuthibitishwa, ya cheo cha mwisho na tathmini zako, omba ufikiriwe kwa mserereko, yaani upandishwe uwafikie wenzako, kama wenzako mlioajiriwa pamoja wameshapanda. Nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, aisee usiondoke masijala bila hiyo! Maneno ya kwenye korido hayana ushahidi.

Ukikataliwa kwa maandishi, kata rufaa Tume ya Utumishi wa Umma, na usikae nayo kabatini maana muda wa rufaa unahesabiwa. Usiporidhika na Tume, rufaa inaenda kwa Rais. Baada ya hapo ndo utafute wakili kuhusu Mahakama Kuu.