Namna ya kufungia lugha hatari kwenye dunia uliyoitunga mwenyewe

Wengi tunaoandika stori za dunia za kubuni, tukitaka kuweka lugha ya hatari tunaitia kwenye kitabu, kitabu kwenye sanduku, sanduku kwenye pango na mlangoni joka, basi tumemaliza. Lakini lugha haikai kitabuni jamani, inakaa vinywani na masikioni mwa watu, na hapo ndo kifungo kinatakiwa kianze. Mi naandikia hapa Lamu na karibu kila mbinu nitakayoitaja imetoka kwenye vitu ambavyo watu wa huku wamevifanya na maneno toka zamani, kwa hivyo huna haja ya kukopa kasri za barafu za watu wengine.

Kwanza amua hatari iko wapi hasa. Iko kwenye sauti, maana, maandishi, au kwa anayesikia? Usiandike tu "lugha ina nguvu za giza", manake hapo hujui unafunga nini. Hatari ikiwa ni sauti, kiziwi anaweza kuwa mlinzi. Ikiwa ni maandishi, mlinzi ni yule asiyejua kusoma. Ikiwa ni maana, basi mtoto anaweza kuyarudia maneno asiyoyaelewa na yeye asipatwe na kitu, ila bibi yake anayeelewa ameketi pale pale barazani anasikiliza, na hii kwangu ndo ya kutisha kuliko zote.

Kwenye dunia yangu kuna Kizumbe, lugha ya watu wa Mazumbe. Ukisikia sentensi moja kamili ya Kizumbe unapoteza neno moja la lugha ya mama yako, na hulichagui, leo linaenda "chumvi" kesho jina la mwanao.

Sasa kama kinachodhuru ni sentensi kamili, ivunje, usimpe mtu mmoja lugha nzima. Wengi watakwambia ukoo huu uhifadhi majina na ukoo ule vitenzi. Hapo angalia sarufi yako kwanza! Ukiipa lugha yako sarufi kama hii yetu umeumia, sababu "nitawapikia" ni neno moja lakini ndani yake yuko mpishi, wako wapikiwa, na wakati pia umo, yaani sentensi imeshatimia na mtu ameshadhurika. Itabidi ukate ndani ya neno lenyewe: ukoo mmoja ubebe mizizi, mwingine vile vipande vya mbele, wa tatu miisho, na uweke sheria kwamba koo hizi hazioani wala hazilali nyumba moja. Ukishaweka sheria ya ndoa stori imeanza yenyewe, manake kijana wa mizizi atampenda tu binti wa miisho.

Maandishi nayo yana njia nzuri sana. Tendi za zamani za Lamu na Pate ziliandikwa kwa herufi za Kiarabu, na kwa uandishi ule wa zamani herufi ya ba ingeweza kusomwa b au p au mb, alama ya kasra ikabeba i na e, ya dhamma ikabeba u na o. Ambaye hajausikia utendi kwa mtu angehangaika nao. Chukua hiyo: mwizi aibe kitabu, akifika nacho kwao agundue ameiba nusu, nusu ya pili iko kinywani mwa mwalimu. Halafu fikiria karatasi zikichakaa zinaenda wapi. Kwetu karatasi yenye aya ya Qurani haitupwi jalalani, inachomwa au inazikwa pahali safi. Tena kuna kombe, aya inaandikwa kwa zafarani kwenye sahani, inaoshwa kwa maji, mgonjwa anakunywa. Hilo kwetu ni dawa na watu wanaliamini, naomba usilinyanyue lilivyo ukaligeuza uchawi wa stori, chukua swali tu, kwamba maneno yakishaoshwa yanakuwa yameenda wapi?

Kifungo chako kitavuja, na kitavujia kwa watoto. Watoto wana kinyume, silabi ya mwisho inaletwa mbele, "nyumba" inakuwa "mbanyu", wanaongea mbio mpaka mkubwa aliye karibu haambulii kitu. Wataifanyia hivyo hivyo lugha iliyokatazwa, so amua mapema ikipinduliwa inadhuru bado au la. Mabaharia pia wanavujisha, hapo funga bandari msimu mzima wa kaskazi ukitaka, lakini watoto huwezi.

Na hili nalisema kwa uchungu: usiwafanye wanaoisema ndo wabaya. Hapa Kenya kuna watoto walivishwa kibao shingoni shuleni kwa kuongea lugha ya mama zao. Na bara ya huku kwetu, kuelekea Tana, wako Wadahalo, lugha yao ina vidoko, zile sauti za kualika ulimi, ndani ya maneno kabisa na waliobaki wanaoisema ni wachache mno. Msomaji wa namna hiyo akisoma stori yako asijikute yeye ndo jini. Njia ya kuepuka ni kuuliza, kabla haijafungwa, lugha ile ilikuwa inawafaa nini wenyewe. Kizumbe kilikuwa lugha ya matanga. Mfiwa alikuwa anakwenda mwenyewe kwa hiari yake, anasomewa sentensi mpaka lile neno linalomchoma limtoke, ndo aweze kula na kulala. Tangu lugha ifungwe watu wa Mazumbe wanafiwa na hawana pa kwenda, kwa hivyo wa kwanza kuvunja kifungo kwangu ni mama aliyezika. Tafuta wa kwako ni nani, mpe jina na ukoo na sababu, muandike yeye kabla hujaandika sheria hata moja ya walinzi, sababu ukianza na walinzi utaishia kuandika polisi tu.