Ukienda kuonja bia Japani, usile natto asubuhi hiyo

Kama safari yako inapita Ibaraki, kaskazini mashariki ya Tokyo, na unataka kuona kiwanda cha Kiuchi pale Naka (ndio wenye bia ya Hitachino Nest, ile chupa yenye bundi), angalia kwanza unachokula. Wengi hulala Mito, na Mito ndiyo mji wa natto: yale maharage ya soya yaliyochachushwa, yanayovutika nyuzi kama bamia. Hotelini utawekewa kibakuli. Kiache. Kiuchi walianza na sake, pombe ya mchele ya Kijapani, mwaka 1823, bia ikaja 1996, na bakteria wa natto ni wagumu kufa. Wakiingia kwenye mchele uliooteshwa ukungu wa koji, ule wa kutengenezea sake, wanauharibu. Ndiyo maana watengenezaji wa sake huwaomba wageni wasiile kabla ya kuja.

La pili: gari liache. Japani anayeendesha amelewa anashtakiwa, na abiria aliyepanda akijua naye anaweza kushtakiwa. Panda treni ya Suigun kutoka Mito, na ukishuka tu piga picha ratiba ya kurudia, maana treni za huko si za kila dakika kumi. Beba pasipoti pia; chini ya miaka 20 hupewi hata tone.

Kwenye kuonja, anza na White Ale kabla ulimi haujachoka. Inuse kwanza: giligilani, ganda la chungwa na kungumanga. Mimi nilidhani niko jikoni kwa bibi siku ya pilau.