Kabla Hujaanza Kukwepa kwa Mshazari

Anza na sakafu. Katika karate, tai sabaki, yaani kuhamisha mwili mzima utoke kwenye njia ya shambulio, hufanywa peku, na jasho kidogo sakafuni humwangusha hata mwenye mkanda mweusi. Mikeka isiachane, vidole visije vikanasa. Kucha zikatwe.

Halafu visigino. Uzito wote ukiwa kisiginoni, ngumi itakukuta bado unajiandaa kuondoka. Legeza magoti, uzito usogee kwenye nyayo kwa mbele. Na unapogeuka, goti lielekee vidole vinakoelekea. Mguu ukiganda sakafuni huku nyonga inazunguka, goti ndilo hulipa.

Kinachochukua muda ni kujua utokee upande gani. Ukirudi nyuma moja kwa moja umemsaidia mpinzani: anakufuata kwenye mstari uleule na ngumi ya pili. Hironori Otsuka, mtu wa jujutsu (sanaa ya mapigano ya Kijapani) aliyeanza karate kwa Gichin Funakoshi mwaka 1922, aliufanya ukwepaji kuwa moyo wa mtindo wake, Wado-ryu. Toka kwa mshazari, kama nyuzi 45, tena ukisogea mbele kidogo. Lakini kwanza tazama mguu wake uliotangulia. Ukitokea nje ya mguu huo, mkono wake wa nyuma uko mbali nawe na ubavu wake uko wazi. Ukitokea ndani unaweza kumpiga, ila naye ana mikono miwili na goti. Mimi humwambia anayeanza azoee nje kwanza, hata kama ndani kunapendeza machoni.

Patana na mwenzako kabla: aanze polepole, ila alenge uso kweli. Ngumi inayopita pembeni kwa heshima inakufundisha kukwepa hewa. Nawe usihame mapema. Ukiondoka kabla yake, atageuza tu shabaha.

Kama kuna mashindano ya kumite, yaani kupigana na mpinzani, mbele yako, pima ukumbi. Uwanja wa WKF, Shirikisho la Karate Duniani, ni mita 8 kwa 8. Aliyezoea kukwepa kwa kurudi nyuma huishia kutoka nje ya uwanja, na hilo ni kosa liitwalo jogai. Anayegeuza mgongo akidhani amekwepa anaweza kuadhibiwa kwa mubobi, yaani kujiweka hatarini. Bandika utepe sakafuni, kisha fanya nusu ya mazoezi ukiwa umebanwa kwenye kona.