Namna ya kumsoma Pierre Bourdieu ili akufae katika utafiti

Nasimamia tasnifu za wanafunzi wa sosholojia, na katika sura ya pili ya nyingi kati yake namkuta Pierre Bourdieu, mwanasosholojia wa Ufaransa. Habitasi, yaani mazoea ambayo malezi humjengea mtu, inafafanuliwa kwa aya moja, mitaji inaorodheshwa, kisha Bourdieu haonekani tena mpaka kwenye marejeo. Hali hiyo inanisikitisha. Dhana zake alizitengeneza uwandani, mbele ya watu ambao maisha yao hayakuelezeka kwa nadharia alizosomea, na ndiyo maana zaidi ya miaka 20 tangu afariki, Januari 2002, bado zinawafaa watafiti wa mambo ambayo yeye mwenyewe hakuwahi kuyagusa. Haya ninayoandika ni kwa anayetaka kumsoma mpaka aweze kufanya naye kazi.

Usianze na La Distinction. Ndicho kitabu chake kinachotajwa zaidi, lakini kilitoka mwaka 1979, kikiwa zao la miaka mingi ya utafiti, na sentensi zake ni ndefu kiasi cha kumkatisha tamaa msomaji mgeni. Anza na kazi za ujana wake. Alizaliwa mwaka 1930 Denguin, kijiji cha Béarn kusini-magharibi mwa Ufaransa, baba yake akiwa mfanyakazi wa posta. Alisomea falsafa École Normale Supérieure mjini Paris, na mwaka 1955 akapelekwa Algeria kwa utumishi wa kijeshi, vita vya ukombozi vikiwa vimeshapamba moto. Huko ndiko alikogeukia utafiti wa jamii, na kazi zake za huko ndizo za kuanzia.

Jeshi la Ufaransa lilikuwa likiwang'oa wakulima vijijini mwao na kuwarundika kambini. Watu waliolelewa katika uchumi wa heshima na kusaidiana walijikuta katika dunia ya mishahara na riba. Bourdieu, akishirikiana na Abdelmalek Sayad, msomi wa Kialgeria, aliona kwamba ule uwezo wa kupiga hesabu za faida, ambao wanauchumi waliudhani kila mtu anazaliwa nao, hufunzwa, tena unataka maisha yenye uhakika kidogo. Asiyejua kesho atakula nini hawezi kupanga mambo ya mwaka ujao.

Kutoka hapo nenda kwenye makala yake ndefu ya mwaka 1962 kuhusu makapera wa Béarn. Hii isome polepole, hata mara mbili. Bourdieu alirudi kwao kuchunguza jambo moja: kwa nini wanaume waliorithi mashamba, ambao zamani wangegombewa na familia zenye mabinti, sasa walikuwa wanazeeka bila kuoa? Anatuonyesha dansi ya Krismasi. Vijana wanacheza katikati ya ukumbi, na pembeni wamesimama wanaume wa miaka 30 hivi na zaidi, wakitazama tu. Hawatacheza usiku kucha.

Zamani ndoa ilipangwa na wazee kwa kupima ardhi na mahari, ambayo huko aliileta bibi harusi, na mtoto wa kwanza aliyeachiwa shamba ndiye aliyekuwa na bei. Sasa mabinti wameonja maisha ya mjini na wanachagua wenyewe, na wanachokitazama ni mavazi, mazungumzo na namna mtu anavyocheza. Mkulima yule ana mwendo mzito wa mtu aliyezoea kukanyaga matope na udongo uliolimwa. Miziki mipya inadai mwili mwingine. Naye anajiona kwa macho ya wale mabinti, anauonea haya mwili wake mwenyewe, na haya hiyo inazidi kumkaza. Hajafungua kinywa, mwili umeshamsema.

Ukiishika picha hiyo, umeishika habitasi: historia ya jamii iliyojikita mwilini mwa mtu ikawa mkao, ladha na kipimo cha "haya ni ya watu kama sisi". Angalia pia kwamba yule mkulima hakubadilika. Kilichobadilika ni soko la ndoa lililomzunguka, na mwendo ambao kwa baba yake haukuwa na kasoro sasa unamkosesha mke. Wengi wanaomshutumu Bourdieu kwamba kwake binadamu ni mfungwa wa malezi hawakuifikia makala hii, ambamo jambo zima ni mpasuko kati ya malezi na dunia iliyokwisha kuhama.

Baada ya hapo soma Les Héritiers, aliyoandika na Jean-Claude Passeron mwaka 1964. Walionyesha kwamba mtoto wa kibarua wa shamba alikuwa na nafasi isiyofika 1 katika 100 ya kuingia chuo kikuu, ilhali kwa watoto wa wanasheria, madaktari na wenzao nafasi hiyo ilizidi 80 katika 100. Ada haikutosha kueleza pengo hilo. Shule ilikuwa ikitahini mambo isiyoyafundisha, yaani lugha, wepesi wa kujieleza na vitabu vilivyokuwa mezani nyumbani, kisha ikaviita kipaji. Huo ndio mtaji wa kitamaduni. Mtaji wa kiuchumi, yaani fedha na mali, na wa kijamii, yaani watu unaojuana nao, hutausumbukia sana. Ule wa kiishara ni mtaji wowote pale unapotambuliwa kuwa heshima, na watu wakasahau ulikotoka.

Sasa ndiyo fungua La Distinction. Waliohojiwa kuhusu ladha zao walikuwa watu 1,217, mwaka 1963 na tena 1967–68. Waliulizwa, kwa mfano, kama picha ya kabichi au ya mwanamke mjamzito inaweza kuwa nzuri. Anza na majedwali na picha, kisha maandishi. Humo utakuta kanuni yake maarufu: habitasi mara mtaji, ongeza uga, unapata vitendo. Isikutishe kwa kufanana na hesabu. Inakuambia tu kwamba ukitoa kimoja, maelezo yanaanguka. Uga ni mahali watu wanaposhindania kitu ambacho wote, washindi na washindwa, wanakubali kwamba kinastahili kushindaniwa.

Kuhusu kumtumia, namwomba kila mwanafunzi aandike swali lake bila kumtaja Bourdieu wala istilahi yake hata moja. Tuseme: kwa nini baadhi ya wanafunzi wa mwaka wa kwanza hugonga mlango wa mhadhiri kuomba msaada, na wengine, wenye shida kubwa zaidi, hawagongi? Swali hilo likisimama lenyewe, ndipo ujiulize wanashindania nini pale, nani amekuja na nini, na kila mmoja alijifunzia wapi kwamba mwalimu ni mtu wa kuendewa au wa kukwepwa. Annette Lareau alifanya hivyo Marekani katika kitabu chake cha mwaka 2003: aliingia majumbani akaona watoto wa tabaka la kati wakifundishwa kumuuliza daktari maswali na kumkosoa. Ukurasa baada ya ukurasa unasoma kuhusu watoto, na nadharia ipo kazini.

Kisha andika matokeo yatakayokuonyesha kwamba umekosea. Hatua hii wengi huiruka, na mimi siipitishi rasimu isiyo nayo. Kama wasiogonga mlango ni wale walioambiwa na wenzao kwamba mhadhiri huyo ni mkali, basi habitasi haina kazi hapo, na usiilazimishe.

Wakosoaji wasome kwa nia hiyo hiyo. Michèle Lamont aliwalinganisha wanaume wa tabaka la kati la juu wa Ufaransa na Marekani, na mwaka 1992 akaonyesha kwamba mipaka ya kimaadili, kama uaminifu na bidii, ina uzito ambao Bourdieu aliupunguza. Richard Peterson aligundua Wamarekani wa hadhi ya juu wanaopenda miziki ya kila aina, si ile ya wateule peke yake. Bernard Lahire, Mfaransa, anasisitiza kwamba mtu mmoja hubeba malezi mengi yanayopingana. Kwangu Lahire ndiye anayemwongezea Bourdieu zaidi, hasa ukichunguza watu waliopanda tabaka. Hawa wote walihitaji dhana zake ili kumpinga, na hapo unaona ukubwa wa alama aliyoiacha.

La mwisho, soma walau utangulizi wa Homo Academicus, wa mwaka 1984, ambamo aliwachunguza maprofesa wa Paris, kundi lake mwenyewe. Kabla ya kuanza mahojiano, andika ukurasa mmoja: umelifikiaje swali lako, unapata nini likijibiwa upande fulani, na unaohojiana nao wanakuonaje unapoketi mbele yao. Uingize katika sura ya mbinu za utafiti, pamoja na maelezo ya namna ulivyowapata wahojiwa, ili msomaji aweze kuyapima majibu yao.